Aliyekataa Rushwa Naye Ana Familia

Kila TAKUKURU inapomfikisha mahakamani mtumishi wa ngazi ya chini, awe karani wa masijala, bwana afya, askari wa barabarani au mtendaji wa kijiji, kuna utetezi unaomtangulia hata wakili wake: ana familia yule. Husemwa vijiweni na kwenye daladala, na mshtakiwa mwenyewe huurudia akipatikana na hatia, anapomwomba hakimu ampunguzie adhabu kwa kuwa ana mke, ana watoto wanaosoma, na mama yake mzazi ni mgonjwa. Utetezi huo una nguvu kwa sababu mara nyingi ni wa kweli. Tatizo ni kwamba unamhesabia familia aliyepokea peke yake. Mwenzake wa meza ya pili, mwenye cheo kilekile na mshahara uleule, ambaye bahasha ilipita mbele yake akairudisha, naye ana mke, watoto na mama. Familia hiyo ndiyo iliyolipia uaminifu wake, na hakuna anayeitaja. Vita yetu dhidi ya rushwa ndogo itabaki kuwa ya nusunusu mpaka tukubali kujibu swali ambalo utetezi huu unalifunika: mtumishi anaposema hapana, hasara inabebwa na nani?

Tanzania ililisogelea swali hili zamani. Tume aliyoiunda Rais Benjamin Mkapa mwanzoni mwa mwaka 1996, chini ya Jaji Joseph Warioba, iliwagawa wala rushwa katika makundi mawili. Kundi la kwanza ni la wanaopokea kwa sababu kipato ni kidogo na maisha ni ghali, hivyo wanachopewa huziba pengo la mshahara. La pili ni la wakubwa wanaosukumwa na tamaa ya kujilimbikizia mali. Mgawanyo huo ulikuwa wa haki, na bado unatusaidia kufikiri. Lakini tangu wakati huo tumeutumia vibaya kwa njia mbili. Wapo walioufanya kichaka: kila anayepokea hujitangaza kuwa wa kundi la kwanza, hata akiwa anajenga ghorofa. Na wapo waliouona kama hesabu ya shule ya msingi, kwamba ukiongeza mshahara rushwa inapungua kwa kiasi hichohicho. Pande zote mbili hazikumtazama mtumishi ambaye ana kipato cha kundi la kwanza lakini hajapokea. Kama tunataka kujua vishawishi vinafanyaje kazi, huyo ndiye wa kumchunguza, kwa sababu kila siku anakutana navyo na kila siku anavishinda kwa nguvu zake mwenyewe.

Tuanze na karatasi yake ya mshahara. Tuchukue mfano wa ofisa aliyemaliza chuo kikuu, mwenye mshahara wa shilingi 800,000 kwa mwezi. Mfuko wa pensheni, PSSSF, unachukua asilimia 5, yaani 40,000. Bima ya afya inachukua asilimia 3, ambayo ni 24,000. Bodi ya Mikopo inachukua asilimia 15, sawa na 120,000, kwa sababu alisoma kwa mkopo. Kodi ya mapato, kwa viwango vya miaka ya karibuni, ni 68,000, na chama cha wafanyakazi kinakata asilimia 2, yaani 16,000. Kabla hajalipa nauli ya siku ya kwanza amebakiwa na 532,000. Kama amekopa benki ili anunue kiwanja au amalizie nyumba, makato yanaweza kuendelea mpaka abakiwe na theluthi moja tu ya mshahara, ambayo ni mpaka uliowekwa ili asitoke mikono mitupu. Theluthi ya 800,000 haifiki 267,000. Hapo hatujamtaja mdogo wake aliye kidato cha tatu wala kuku wa sikukuu. Huyu si fukara, na wakulima wengi wangetamani kuwa na uhakika wa kipato kama chake. Lakini ukoo na mtaa wanamwona kwa cheo chake, na salamu yake ya kila siku ni ileile: wewe si una kazi serikalini?

Hata hivyo, udogo wa mshahara peke yake hauelezi kishawishi. Watu wengi hujipanga wakaishi ndani ya kidogo walichonacho. Kinachowavunja ni kwamba mshahara huja kidogokidogo kila mwezi, ilhali mahitaji makubwa ya familia huja kwa mafungu na hayasubiri tarehe. Mwenye nyumba anataka kodi ya miezi sita kwa mkupuo. Msiba kijijini unataka usafiri wa watu wanne usiku huohuo. Bima ya afya ya mtumishi inamhudumia yeye, mwenza wake na wategemezi wasiozidi wanne, hivyo mwenye watoto wanne ameshajaza nafasi zote. Mama yake akilazwa na kuhitaji upasuaji, analipiwa taslimu. Rushwa nayo huja kwa fungu. Mfanyabiashara anayetaka kibali kisicho halali hajui habari za mama aliyelazwa, lakini kiasi anachokiweka mezani kinaweza kulingana kabisa na bili ya hospitali, na kinapatikana leo, bila fomu na bila mdhamini. Ndiyo maana mtu aliyekataa bahasha miaka minane anaweza kuipokea mwaka wa tisa. Maadili yake yalikuwa palepale, ila siku hiyo dharura na mteja viliingia kwa mlango mmoja.

Kati ya dharura na bahasha pana kituo kimoja ambacho mwaminifu hupitia kwanza, nacho ni mkopo wa mtaani. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 ilileta utaratibu, na Benki Kuu ikaweka ukomo wa riba ya asilimia 3.5 kwa mwezi kwa wakopeshaji wadogo. Pamoja na hayo, mikopo ambayo watu wameipa jina la kausha damu bado ipo, na wateja wake wazuri ni watumishi wa umma, kwa kuwa mshahara wao una uhakika. Mwalimu au nesi anaacha kadi yake ya benki na namba ya siri kwa mkopeshaji, na mshahara ukiingia mkopeshaji ndiye anayeufikia kwanza. Mtu aliyefika hapo amekataa rushwa kwa gharama kubwa kuliko hotuba yoyote ya maadili inavyoweza kueleza. Ameiuza kesho yake ili asiiuze ofisi. Lakini amejiweka pia mahali ambapo kishawishi kijacho kitakuwa kizito mara mbili, maana sasa anadaiwa mahitaji ya nyumbani na riba ya jana. Serikali inayomwambia awe mwadilifu ikamwacha aende huko inamtegea mtego ambao yenyewe itakuja kumkamatia.

Msomaji makini atapinga hapa. Atasema mlinzi wa usiku anapata kidogo kuliko ofisa huyu na haibi, na mama muuza mboga hana bima hata ya mtu mmoja na bado anarudisha chenji kamili. Pingamizi hilo ni la kweli na halipaswi kukwepwa. Linatimia zaidi ukimtazama anayetoa. Mjamzito anayedaiwa hela pembeni ili ahudumiwe, mkulima anayezungushwa miezi mitatu kwa ajili ya hati, mwendesha bodaboda anayesimamishwa asubuhi kabla hajapata abiria, wote hao kwa kawaida ni maskini kuliko anayepokea, na wao pia wana familia. Shilingi inayotoka kwao kwenda kulipa ada ya mtoto wa ofisa imetoka kwenye ada ya mtoto wao. Historia yetu inaliunga mkono pingamizi hilo. Miaka ya 1980 thamani halisi ya mishahara iliporomoka mpaka mshahara wa mwezi ukawa hautoshi chakula cha mwezi. Wapo waliogeukia mlungula, lakini maelfu ya watumishi walifuga kuku na nguruwe, walilima pembezoni mwa mji, wake zao walipika maandazi na kuuza vitambaa. Shida ile haikumlazimisha kila mtu kula rushwa. Kwa hiyo sidai kwamba shida inamsafisha anayepokea. Ninachodai ni kwamba ushindi wa asiyepokea una gharama, na taifa linalofaidika na ushindi huo halichangii hata senti kwenye gharama yake.

Wengine watajibu kwamba dawa inajulikana, nayo ni kupandisha mishahara. Nyongeza ni haki ya mfanyakazi, na iliyotangazwa Mei Mosi ya 2025, ya kupandisha kima cha chini cha mshahara serikalini kutoka 370,000 hadi 500,000, ilistahili makofi iliyopigiwa. Ila kuitarajia iondoe rushwa ni kuibebesha mzigo usio wake. Ghana ililijaribu jambo hilo. Mwaka 2010 ilipandisha mishahara ya polisi takribani maradufu, na watafiti Jeremy Foltz na Kweku Opoku-Agyemang wakafuatilia malipo ambayo madereva wa malori ya masafa marefu walikuwa wakiyatoa vizuizini. Waliwalinganisha polisi hao na maofisa wa forodha wa Ghana na polisi wa nchi jirani ya Burkina Faso, ambao hawakupata nyongeza ile. Polisi walioongezewa mshahara walizidisha juhudi za kudai, na kiasi walichochukua kikapanda. Upande mwingine ipo Georgia, ambako mwaka 2004 serikali mpya iliwafukuza maelfu ya askari wa barabarani, ikaajiri wapya kwa mishahara mikubwa zaidi, na rushwa ya barabarani ikashuka sana. Tofauti ya nchi hizi mbili inafundisha. Ghana ilibadilisha mshahara peke yake, ikaacha kituo, mkubwa wa kituo na mazoea yake vilevile. Georgia ilibadilisha mshahara pamoja na mazingira ambamo askari anaamua kudai au kutodai. Mshahara mkubwa unaoingia katika ofisi ileile yenye mgao uleule hupandisha bei tu.

Wapo pia wanaoamini viboko. Sheria ya Adhabu za Chini ya mwaka 1963 iliweka kifungo na viboko 24 kwa mla rushwa, nusu akiingia gerezani na nusu akitoka, na Mwalimu Nyerere aliizungumza sheria hiyo kwa fahari hata baada ya kustaafu. Leo Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007 inatoa kifungo cha miaka mitatu hadi mitano, au faini ya shilingi 500,000 hadi milioni moja, au vyote viwili, na inamgusa mtoaji sawa na mpokeaji. Adhabu ni lazima iwepo, maana bila hiyo mwaminifu angeonekana mjinga. Lakini tangu 1963 hadi Tume ya Warioba ni miaka zaidi ya thelathini, na tume ilikuta rushwa imeshazama katika huduma za kila siku. Adhabu inamshughulikia aliyeanguka. Kwa aliyesimama haina neno. Na kwa mwenye kichanga chenye homa usiku wa manane, hofu ya kufungwa mwaka kesho ni nyepesi kuliko anavyofikiri mtunga sheria aliyelala.

Kama kuna mtu katika Afrika Mashariki ambaye maisha yake yanaonyesha bei ya uaminifu, ni David Munyakei wa Kenya. Alikuwa karani kijana wa Benki Kuu mwanzoni mwa miaka ya 1990, wakati kampuni ya Goldenberg International ilipokuwa ikilipwa mabilioni ya fedha za umma kwa madai ya kusafirisha nje dhahabu na almasi ambazo kwa sehemu kubwa hazikuwapo. Munyakei aliona hesabu haziingiliani, nyaraka zikawafikia wabunge wa upinzani, na mwaka 1993 sakata likaanikwa bungeni. Alikamatwa na kushtakiwa kwa kuvunja sheria ya siri za serikali. Mashtaka yaliondolewa, lakini benki ilimfukuza kazi, na hakuirudia tena. Aliishi maisha ya kuhangaika, Mombasa na kisha Narok. Mwaka 2004 shirika la Transparency International lilimpa tuzo yake ya uadilifu. Mwaka 2006 alifariki akiwa maskini, akaacha mjane na watoto. Tuzo ile haikulipa ada. Kila karani wa Afrika Mashariki aliyesoma habari zake alipata masomo mawili kwa pamoja, kwamba mtu mdogo anaweza kuzuia wizi mkubwa, na kwamba baada ya kuuzuia wanawe watalala njaa bila nchi kuuliza. Tusishangae kwamba somo la pili ndilo linalokumbukwa zaidi ofisini.

Tanzania ilitunga mwaka 2015 sheria ya kuwalinda watoa taarifa na mashahidi, ambayo inazungumzia hata zawadi na fidia. Ni hatua nzuri, ila inamlinda anayetoa taarifa. Mtumishi wa kawaida anayekataa kimyakimya hajatoa taarifa yoyote. Yeye amesema tu hapana, na sheria haina jina la kumwita. Kumbe katika ofisi yenye mgao, hapana yake ni tishio kubwa. Fedha inayokusanywa mapokezi haibaki mapokezi, inapanda ngazi, na kila ngazi inakata chake. Asiyekusanya amevunja mnyororo, na hata akikaa kimya wenzake hawalali usingizi. Kinachofuata hakihitaji ushahidi. Ananyimwa safari zenye posho, jina lake linarukwa kwenye orodha ya mafunzo, kisha inakuja barua ya uhamisho ya mistari mitatu, yenye maneno kwa manufaa ya umma. Fedha ya kuhamishia mizigo inacheleweshwa, naye anakwenda kituo kipya kwa mkopo. Huko nyuma mke ameacha genge lake na watoto wameacha shule katikati ya muhula. Ukitaka kuona hasara ya uaminifu inavyoiangukia familia, hesabu yake iko kwenye stakabadhi za lori lililohamisha mizigo yake.

Na familia yenyewe haina mikono safi. Wahenga walisema mchuma janga hula na wa kwao, lakini siku hizi wa kwao humtuma akalichume. Ofisa aliyekaa kitengo chenye fedha miaka kumi akiwa bado amepanga anaitwa mzembe, analinganishwa na mwenzake aliyekwishatoka, na kwenye kikao cha harusi ahadi yake husomwa kwa sauti ya masikitiko. Elimu ya serikali haina ada tangu 2016 hadi kidato cha nne, na tangu 2022 hadi kidato cha sita, lakini mtumishi anayempeleka mwanawe huko anaambiwa hana uchungu na mtoto, kwa hiyo anajitutumua kwenye shule binafsi yenye basi la njano na ada inayomeza mshahara. Mahitaji ya namna hii hayatokani na njaa. Ni heshima tunayoipima kwa matumizi, bila kuuliza fedha imetoka wapi. Ndugu anayepokea milioni mbili kutoka kwa mtu ambaye anajua analipwa laki nane, akazipokea kwa dua na vigelegele, ameshiriki. Mwenza anayekubali kupanga kwa pamoja kile kilichopo amemkinga mwenzake kuliko bango lolote la ofisini linalosema hapa ni eneo huru na rushwa.

Kuna watakaosema mifumo ya kompyuta itamaliza mjadala huu. Malipo kwa kontroli namba yameondoa fedha taslimu kwenye madirisha mengi, na palipokuwa na makarani wa kupokea ada sasa pana simu. Hilo ni jema kwa mwananchi, na ni jema zaidi kwa karani mwaminifu, kwa sababu kishawishi kisichomfikia hahitaji kukishinda. Lakini bado ni binadamu anayeamua kama jengo limekidhi viwango, kama shehena ifunguliwe, kama mtuhumiwa apewe dhamana usiku huu, na nani aingie chumba cha upasuaji kwanza. Pale penye uamuzi wa mtu, hapana namba inayomwondolea mtu huyo mzigo wa mama aliyelazwa.

Kwa hiyo serikali iingie kwenye hasara hii kama mshirika, na ianze na mambo yanayowezekana bila kusubiri uchumi mpya. Mtumishi apate kukopeshwa mshahara wake mwenyewe kwa dharura ya ugonjwa au msiba, ndani ya siku mbili, bila riba, ili kausha damu akose mteja. Bima ya afya iruhusu wazazi kuongezwa juu ya wategemezi wanne kwa mchango unaobebeka. Malimbikizo, fedha za likizo na za uhamisho zilipwe kabla mtu hajang'oka, na barua ya uhamisho ibebe sababu inayoweza kupingwa mbele ya chombo kisicho chini ya mkubwa aliyeiandika. Sheria ya mwaka 2015 ipanuliwe imtambue aliyekataa, hata kama hakuripoti. Hakuna hata moja kati ya hayo linalompunguzia aliyepokea siku moja ya kifungo. Atakayeuliza fedha zitatoka wapi ajiulize pia leo zinatoka wapi, maana gharama hizi tayari zinalipwa. Zinalipwa na mjamzito, na mkulima wa hati, na watoto wa karani asiyekula. Tukishazigawana sote, ofisa atakayesimama kizimbani akasema ana familia ataweza kujibiwa na hakimu kwa haki kamili kwamba wenzake nao walikuwa nazo, na nchi iliwasaidia kuzilisha bila kuiuza ofisi.